Papa Callixte, Fundi wa Mguu wa Motere, Afukuzwa kwa Heshima Zote

Papa Callixte Ndayambaje anastaafu leo, tarehe 30 juni 1958, baada ya miaka kumi na saba ya kuitumikia kampuni yetu: saba pale Sake kwenye ziwa Kivu, na kumi hapa Walikale kwenye mto Lowa. Miaka yote hiyo kazi yake ilikuwa moja: kufungua mguu wa motere ya mashua, kuangalia ndani, kisha kuufunga tena ao kukataa kuufunga. Ni kule kukataa njo kumetukusanya hapa leo.

Karatasi ya ofisi inasema Papa Callixte amechoka. Ni uongo. Wiki hii ameinua motere nzima peke yake, akaiweka juu ya kitanda chake cha mbao cha kazi, huku akimtukana kila mtu aliyekuja kumsaidia. Mtu aliyechoka hatukani namna ile.

Mimi ninayeandika ni Edmond Mbonigaba, mshika usukani wa mashua yetu, yule mnayemwona nyuma na kofia nyekundu. Wafanyakazi wenzangu wamenichagua kwa sababu nina mwandiko mzuri, nimesoma mpaka mwaka wa tano kwa Mapadri (ningemaliza wa sita kama mwalimu asingekuwa na wivu), na nimefika Usumbura, Stanleyville na Bukavu, tena Bukavu nimeijua tangu ikiitwa Costermansville. Waliniambia: “Kaka Edmond, andika mambo ya furaha, hasira acha nyumbani.” Nilijaribu. Nilikaa na kalamu tangu misa mpaka mihogo ikaiva. Furaha ilikuja kidogo, hasira ikaja na ndugu zake wote.

Kwa wageni waliotoka Masisi na ambao hawajui motere, nieleze. Motere ya mashua ina kichwa na mguu. Kichwa kiko juu, kinapiga kelele, kila mtu anakisifu. Mguu uko chini, ndani ya maji, na ndani ya mguu kuna magurudumu ya chuma yenye meno yanayozungusha helisi, ile inayosukuma mashua. Meno hayo yanalala katika mafuta mazito. Pale helisi inapotokea kuna pete ya kuzuia maji yasiingie. Pete ikiharibika, maji yanaingia, mafuta yanakuwa meupe kama maziwa ya chai, kutu inakula, meno yanavunjika. Hapo kichwa kitaendelea kupiga kelele kama mtu wa siasa, lakini mashua haisogei. Nimemaliza. Mwalimu wangu angesikia, angelia kwa haya.

Papa Callixte alizaliwa Nyamitaba, kwa watu wa maharagwe na ng’ombe. Kule maji ni kitu cha kuteka na kuchemsha, siyo kitu cha kukalia juu yake. Mwaka wa 1941 alishuka Sake kuuza siagi, akakuta kampuni inatafuta mtu mwenye mikono yenye nguvu, akabaki. Siagi nadhani waliikula.

Siku zake za kwanza alitaka kufungua mguu motere ikiwa imening’inia nyuma ya mashua, juu ya ziwa. Visi moja, ile skrubu ya kufungia mguu, ikamponyoka, ikaenda zake. Yeye, mtu wa mlima asiyejua kuogelea, akaingia ziwani mpaka shingoni, akapapasa matope kwa vidole vya miguu tangu asubuhi mpaka jua likawa kichwani. Wavuvi wa Sake walikusanyika kumcheka. Mmoja akamwuliza: “We muntu wa ng’ombe, unatafuta nini humo, maziwa?” Callixte akatoka na visi katikati ya vidole vya mguu, akamwonyesha, halafu akaanza kutetemeka na akatetemeka kwa juma zima. Tangu siku hiyo hakuna mguu uliofunguliwa juu ya maji. Motere inatolewa, inabebwa pwani, inafungwa juu ya kitanda cha mbao, na chini yake inatandikwa nguo. Mfanyakazi mupya akijaribu njia fupi, alisikia sauti kutoka ng’ambo: “Nani alikuambia kama visi inajuaka kuogelea?”

Vita ya Wazungu ikazidi, vipuri vikakatika. Mpira hakuna, pete hakuna. Callixte akasema zamani pete zilikuwa za ngozi, na akaanza kuangalia viatu vya watu. Ndugu zangu, mimi wakati huo nilikuwa na buti nzuri kuliko zote za Sake, za kutoka Usumbura, ngozi nene, zinalia nikitembea. Asubuhi moja nikaamka na buti moja. Nikaenda kwake nimevaa ile moja, nimejaa hasira. Nikamkuta anakata duara katika ulimi wa ile ya pili, na duara lingine limelala katika mafuta ya ng’ombe.

“Papa Callixte! Buti yangu!”

“Usilie, kaka. Unashikaka usukani na miguu?”

“Nitatembea namna gani?”

“Tembea kwa mashua. Sasa njo itafika.”

Pete ile ya ngozi ya buti yangu ilidumu mpaka mwisho wa vita. Nilikuwa nawaambia abiria: mnaona tunavyokwenda vizuri? Ni mguu wangu huo uko chini. Hawakuelewa. Watu wengi hawanielewi, nimezoea.

Mwaka wa 1948 kampuni ikatuleta wote wawili Walikale. Hapa mambo siyo ya ziwa tena. Ziwani ukikosa motere unakaa, unaimba, upepo unakupeleka mahali. Lowa haikungoji. Chini ya baki, mahali pa kivuko, pale mto unapokata kona, maji yanaanza kukimbia kwenda kwenye maporomoko, na mashua iliyojaa haishikiki kwa kafi. Nimesema mimi, na ninyi mnanijua: mimi sikubali upesi kwamba kuna kitu siwezi. Pale siwezi. Pale ninaye Mungu na mguu wa motere, basi.

Njo maana hapa Walikale Papa Callixte alianzisha desturi yake. Kila juma, kabla ya safari ya soko, aliichukua motere pwani, akafungua visi ya chini na visi ya juu, akayaacha mafuta yatiririke juu ya jani la ndizi. Halafu alitembea na jani mbele ya abiria wote, mmoja mmoja, kama padri na sahani ya sadaka. “Angalia. Angalia weye pia. Iko meusi? Muzuri. Panda.” Yakiwa meupe, hakuna kupanda. Yakiwa na vumbi la chuma linalong’aa, hakuna kupanda, na matusi juu yake. Mama Nyirabagenzi, mkubwa wa akina mama wauza mchele, ambaye sauti yake inasikika ng’ambo ya mto bila motere, akawa mkaguzi mkuu. Aliyachovya mafuta kwa kidole, akayasugua, akanusa, akatoa hukumu.

Desturi hiyo ilileta kichekesho chake. Mwaka fulani kampuni ikaleta mafuta ya namna mupya, yana rangi ya asali. Callixte akaweka, juma lililofuata akafungua, akapita na jani. Mama Nyirabagenzi akarudi nyuma.

“Hii iko nini? Hii iko maji! Leo tutakufa sisi na muchele yetu!”

“Mama, hii njo rangi yake.”

“Rangi yake wapi! Mafuta iko meusi, weye mwenyewe ulisemaka!”

Akina mama wote wakateremka na mizigo yao. Callixte akapiga kelele mpaka mishipa ikasimama: “Miye nilikufundisha kuangalia, sikukufundisha ubishi!” Mama Nyirabagenzi akamjibu kwamba ubishi alizaliwa nao, ni kuangalia tu alikopata kwake. Mwishowe Callixte alichukua chupa mbili, moja akatia mafuta yale peke yake, nyingine akachanganya na maji ya mto, akazitikisa zote mpaka jasho likamtoka. Moja ikabaki asali, nyingine ikawa maziwa. Akina mama wakazikagua zote mbili. Halafu Mama Nyirabagenzi akasema: “Sasa kwa nini haukuanza na chupa, ukaanza na matusi?” Tulichelewa soko. Nyama yote nzuri ilikuwa imekwisha. Hakuna aliyekufa.

Na sasa nafika mahali ambapo waliniomba nisifike.

Bwana wetu wa hapa Walikale, tuliyemwita Bwana Inatosha kwa sababu ya neno lake, yuko mbele hapo kwenye kiti cha matete, anajua Kiswahili, na ninafurahi kwamba anajua. Mwezi wa novemba mwaka jana mvua ilinyesha bila kupumzika. Lowa ilikuwa nyekundu, inabeba miti mizima na mizizi yake. Siku ya safari ya soko, mashua imejaa mchele, mawese, kuku na akina mama, wengine na watoto mgongoni. Lakini siku hiyo tulipaswa pia kumchukua Mkubwa wa kampuni kwenye kituo cha chini, aliyetoka Bukavu kututembelea. Bwana Inatosha alikuwa amevaa nguo nyeupe tangu alfajiri, anatembea kwenye ukingo kama kuku anayetaka kutaga.

Motere ikiwa tayari juu ya kitanda pwani, Papa Callixte akafungua visi ya chini. Yalitoka maji kwanza. Maji matupu, ya mto, mekundu. Halafu yakafuata mafuta, meupe, mazito, kama uji. Hakupita na jani. Aliliinua tu juu, na Mama Nyirabagenzi akaanza kuteremsha kuku.

Bwana akaja mbio. “Weka mafuta mapya. Funga. Enda. Utafungua mukirudi.”

“Bwana, maji imeingia. Sijue imevunja nini. Acha nifungue.”

“Kidogo tu inaingia. Inatosha kufika.”

“Na kama haitoshe?”

“Nimesema inatosha! Weye ni nani?”

Nilikuwa nimeshika usukani, na nilimwangalia Callixte. Alipiga magoti. Alinyoosha waya mdogo unaozuia kipini cha helisi, akatoa kipini, akatoa helisi, akafungua ufito wa gia, akafungua buloni, zile skrubu nene zinazoshika mguu, moja baada ya nyingine na kuzifunga ndani ya kitambaa, halafu akauvuta mguu wote chini, taratibu, moja kwa moja, kama mtu anayechomoa muhogo asitake ukatike. Akauweka begani, mafuta meupe yakimchuruzikia mgongoni, akapanda kilima kwenda nyumbani kwake. Bwana alipiga kelele nyuma yake kwa lugha zote alizojua. Callixte hakugeuka. Mashua ikabaki na kichwa tu. Kichwa bila mguu hakiendi soko.

Bwana akatuma polisi. Alikuja Jean-Marie, kijana mwema, mwenye fimbo na ordre, karatasi ya amri. Mimi nilimfuata, kwa sababu mambo makubwa nikikosekana hayaandikwi vizuri. Tulimkuta Callixte ametandika mkeka uani, na Mama Epiphanie, mke wake, amekaa upande wa pili ameshika bakuli la mafuta ya taa ya kuoshea.

“Papa Callixte,” Jean-Marie akasema, “ordre inasema nilete muguu.”

“Muguu huu hapa.”

“Haisemi kama nilete na mwenyewe. Sasa, nabeba nani?”

Mama Epiphanie akamwambia: “Mwanangu, kaa kwanza. Ordre haikimbie.”

“Shika hapa,” Callixte akasema. “Kaza mukono. Ukiachilia nitakufunga weye.”

Basi serikali ikakaa kwenye mkeka, ikashika mguu wa motere, na Callixte akaufungua. Nyuma ya mahali pa helisi kulikuwa na kamba ya wavuvi imejiviringisha, ngumu kama pete ya ndoa, imeikata ile pete ya kuzuia maji mpaka chuma kinaonekana. Ndani, chini kabisa, katika lile tope jeupe, Callixte akapapasa akatoa kitu, akakisugua kwa kidole gumba. Jino la chuma. Akapapasa tena. La pili. Na lile gurudumu lenyewe, meno mengine yalikuwa yamebaki nusu. Jean-Marie akaukaza mkono zaidi. Dada yake mwenyewe alikuwa ndani ya mashua ile, na mtoto wa miezi michache.

Callixte aliyashusha yale meno mpaka mtoni, akamwekea Bwana kiganjani, mbele yetu sote. Hakusema neno la matusi, naapa, na hiyo peke yake ingestahili kuandikwa. Alisema tu: “Bwana, angalia.”

Bwana akaangalia. Meno mawili katika mkono mweupe, na nguo nyeupe. Akasema: “Yaliyobaki yangetosha.”

Mimi nimetukanwa bandarini Usumbura, nimetukanwa na wanajeshi Stanleyville, na baba mkwe wangu alinitukana siku ya harusi. Sijasikia tusi kama lile. Yaliyobaki yangetosha. Nani alikuhesabia, Bwana? Mimi njo ningekuwa nyuma na usukani usiosikia. Akina mama njo wangekuwa katikati. Weye ungekuwa pwani na nguo zako.

Mkubwa wa Bukavu alikuja kwa miguu, msituni, matope mpaka magotini. Alipouliza kwa nini, aliambiwa fundi ni mtu wa vurugu. Hakuna aliyeuliza fundi. Mwezi wa pili Callixte akaitwa ofisini, akaambiwa amezeeka, amechoka, apumzike. Na ubaoni pa kazi ikabandikwa amri mupya: mguu wa motere utafunguliwa mara moja kwa mwaka, Goma, garaji kubwa. Hapa ni marufuku.

Papa Callixte hakuomba kubaki. Mtu wa Nyamitaba haombi mara mbili mahali hapatakiwi. Aliingia ofisini akaomba jambo moja tu: mguu uendelee kufunguliwa kila juma, na Pierre, fundi mwenzake aliyefanya kazi naye tangu tulipofika Walikale, ndiye aufungue. Hakujibiwa. Akaomba tena kwa kupitia Padri. Hakujibiwa. Wakamjibu kwa karamu hii, mbuzi wawili na pombe ya ndizi. Jana alikuwa amekataa kuja. Mama Epiphanie ndiye aliyemvuta kwa shati mpaka hapa, na mnamwona amekaa pale, ameninunia hata mimi.

Sasa shukrani, maana tumelelewa vizuri. Tunamshukuru Papa Callixte kwa miaka kumi na saba bila abiria hata mmoja kupotea majini. Tunamshukuru kwa matusi yake, yaliyotulinda kuliko hirizi. Tunamshukuru kwa kutufundisha kuingiza mafuta kwa tundu la chini mpaka yatokee la juu, maana ukimimina kwa juu unafunga hewa ndani na unajidanganya kwamba umejaza. Tunamshukuru Mama Epiphanie, ambaye nguo zake zote zina doa moja na halitoki kwa sabuni yoyote, ameninunulisha tatu kujaribu. Na Jean-Marie anashukuru pia, ila amesema nisiandike jina lake. Nimesahau.

Neno la mwisho ni kwa Bwana Inatosha, na baada yake kwa mwenye karamu.

Bwana, alhamisi ni safari ya soko. Alfajiri Pierre ataitoa motere pwani na kuufungua mguu. Amekatazwa, ameogopa, ana watoto sita, na atafungua. Mimi nitakuwa nimekaa chini, ukingoni, mpaka amalize. Mama Nyirabagenzi amesema akina mama watakaa pamoja nami na mizigo yao. Ukitaka mashua iondoke kabla, usukani uko pale, hauna mtu, karibu. Na ukitaka kutufukuza, tufukuze wote, halafu utafute karatasi nyingi za kuandika kwamba Walikale nzima imechoka.

Papa Callixte, ombi lako limejibiwa, siyo na ofisi. Acha kununa, kula mbuzi. Kesho panda kwenda Nyamitaba kwa amani. Tunakutakia ng’ombe wanene, wajukuu wengi, na magoti yasiyouma wakati wa mvua. Hasira yako beba yote, usituachie hata kidogo. Sisi sasa tuna ya kwetu.

Edmond Mbonigaba, mshika usukani, kwa niaba ya wafanyakazi wa mtoni